Ukuta Wenye Ngazi

Fundi alipopewa nakala ya hukumu yake, alifanya jambo ambalo pengine hakuna mdai mwingine aliyewahi kulifanya: aliitia kwenye fremu. Fremu aliichonga mwenyewe kwa mbao ngumu, pembe zikakutana kiasi kwamba hata ukucha haupiti, akaweka kioo, akaitundika sebuleni juu ya kiti cha mama yake. Kila mteja aliyekuja kuagiza kitanda ilibidi aisome kwanza. Ilisema mdaiwa aubomoe ukuta alioujenga kwenye njia ya mdai ndani ya siku thelathini. Mteja akimaliza kusoma aligeuka dirishani, akauona ukuta uko palepale, akakohoa kidogo, kisha wakaendelea na habari za kitanda.

Siku hizo thelathini sasa zilikuwa na umri wa miaka minne.

Ukuta ulikuwa wa matofali ya saruji, mrefu kumpita mtu mzima kichwa, nao ulikatiza mdomo wa kichochoro kutoka pembe ya ghala hadi ukingo wa mtaro. Nyuma ya nyumba kulikuwa na kiwanda, kushoto ghala, kulia mtaro wa maji machafu ambao hata mbuzi aliuogopa. Kichochoro ndicho kilichokuwa njia pekee ya kufika barabarani. Mwenye Ghala alidai kichochoro ni chake, mahakama ikasema si chake, rufaa yake ikatupwa, na tangu siku hiyo hakubishana na mahakama tena. Aliuacha ukuta ubishane kwa niaba yake.

Basi Fundi akajenga ngazi. Mtu mwingine angeegemeza magogo mawili na vibao, akapita. Lakini Fundi alikuwa seremala, tena wa kujisikia, na mama yake ndiye angepita hapo. Alichonga ngazi tisa za kupandia ndani na tisa za kushukia barabarani, kibaraza kidogo juu ya ukuta, na vishikio pande zote mbili. Hazikuwa na msumari hata mmoja. Kila ubao ulikuwa na ulimi ulioingia kwenye tundu la mwenziwe, ukabanwa na kigingi cha mti, na kila kipande kilikuwa na namba aliyoichora kwa patasi. Hivyo ndivyo alivyozoea kufanya kazi tangu ukuta uje: kabati alilitengeneza ndani, akalifungua vipande vipande, akavipitisha juu ya ukuta, akaliunga upya barabarani kwa kufuata namba.

Mtaa mzima ulikuja kuziona ngazi hizo. Hata Mwenye Ghala alimtuma mlinzi wake na kopo la vanishi.

"Tajiri anasema huu ni ujirani mwema," mlinzi alisema, akalikabidhi kopo kwa mikono miwili.

Mke wa Fundi, ambaye alikuwa mpishi wa shule na alizipanda ngazi zile kila alfajiri, alilitazama kopo kama mtu anayetazama nyoka kwenye kapu. "Mtu anakuzibia mlango, halafu anakupa vanishi, na wewe unasema ahsante."

"Ni vanishi nzuri," Fundi alisema. Akazipaka mara mbili.

Mama yake, ambaye mtaa mzima ulimwita Bi Mkubwa, alikuwa na kidonda mguuni. Sukari ilikuwa imeula mguu ule polepole, na kila Jumanne ilikuwa lazima apelekwe hospitali wakakisafishe na kukifunga. Daktari alisema wazi: Jumanne zikirukwa, mguu utakatwa, na kwa umri wake hakuahidi kwamba ataamka kitandani baada ya kukatwa. Mwaka wa kwanza Bi Mkubwa alipanda ngazi mwenyewe huku akicheka. Mwaka wa pili alishikwa mkono. Sasa mwanawe alimbeba mgongoni, naye Fundi alikuwa na miaka hamsini na mitatu na goti lililokuwa likilia kama bawaba kavu. Barabarani, kwa jirani, kiti cha magurudumu cha kuazima kilikuwa kikiota vumbi, kikingoja njia ifunguke.

*

"Jalada lako halionekani," karani wa masijala alisema bila kuinua kichwa.

"Wiki iliyopita ulisema liko kwa hakimu."

"Ndiyo. Limetoka kwa hakimu. Sasa halionekani."

Fundi akarudi kwenye benchi. Benchi lile alilijua vizuri. Mguu mmoja ulikuwa umelegea, na kwa miaka minne alitamani aje na gundi na nyundo alitibu. Waliokaa naye walikuwa walewale: mjane mwenye hukumu ya nyumba, mzee mwenye hukumu ya trekta, mama aliyeshinda shamba ambalo mwenzake bado alikuwa akivuna.

"Hapa wanakaa walioshinda," mzee wa trekta alisema kumwambia mgeni aliyekuwa amekaa karibu naye. "Walioshindwa wako makwao, wanakula."

"Si wanasema sheria ni msumeno?" mgeni akauliza.

"Muulize huyu, ni seremala."

"Ni msumeno kweli," Fundi alisema. "Ila huu wa kwetu haujanolewa."

Saa sita jalada likaonekana chini ya birika la chai. Karani alilifungua, akalamba kidole, akapekua. Hati ya kukazia hukumu ilikuwa imepitwa na muda. Ilibidi aombe nyingine. Na nakala ya hukumu yenye muhuri ilikuwa wapi?

"Iko nyumbani, imetundikwa."

"Imetundikwa?"

Kesho yake Fundi alirudi na fremu nzima, imefungwa kwa shuka. Karani aliifungua akaitazama, akaiinua juu ili wenzake waione. "Mzee, hii ni hukumu au picha ya harusi?" Ofisi nzima ikacheka. Fundi naye akacheka, kwa sababu mwenye shida hucheka pamoja na wanaomcheka. Alitoa bisibisi mfukoni, akapiga magoti sakafuni mbele ya kaunta, akaifungua fremu parafujo moja baada ya nyingine huku watu wakimruka kupita. Alivumilia yote hayo kwa ajili ya mguu mmoja.

Hati mpya ilitoka baada ya miezi miwili. Dalali wa mahakama aliisoma, akaikunja, akatabasamu kwa huruma.

"Amri ni hii, Fundi. Lakini amri haina miguu. Panahitajika gari, wavunjaji wawili, na posho ya askari wa kusimamia. Mkono mtupu haulambwi, unajua mwenyewe."

Fundi aliuza kitanda chake cha ndoa. Kilivuka ukuta katika vipande kumi na moja, yeye na mkewe wakipokezana juu ya kibaraza, na mnunuzi akavipanga kwenye mkokoteni.

"Tutalala chini mpaka lini?" mkewe aliuliza.

"Mpaka ukuta uanguke. Nitakuchongea kingine, mke wangu. Kikubwa zaidi, na kitatoka karakana kikiwa kizima, kimesimama, kipite kichochoroni watu wakione."

Mkewe alichukua kigingi kimoja kilichoanguka, akakitia mfukoni mwa aproni yake.

*

Dalali alikuja Jumatatu saa tatu asubuhi, na kwa mara ya kwanza alikuja kweli. Alikuwa na wavunjaji wawili wenye nyundo kubwa, na askari mmoja aliyekuwa akila karanga. Bi Mkubwa alikuwa ameamka mapema akavaa nguo yake ya kutokea. Aliomba kiti chake kisogezwe dirishani.

"Nataka nilione tofali la kwanza," alisema. "Hayo mengine hata nikisinzia si neno."

Mvunjaji alitema mate viganjani, akainua nyundo, akapiga. Vumbi jeupe likaruka na tofali moja likapata ufa. Pigo la pili halikuja. Kutoka upande wa ghala alitokea wakili wa Mwenye Ghala, kijana nadhifu, ameshika karatasi ambayo bado ilikuwa na joto la mashine.

"Kuna zuio," alisema, kwa sauti ya upole kama anatoa pole msibani.

Dalali alisoma, akasoma tena muhuri, akawaashiria wavunjaji washushe nyundo. "Fundi, mikono yangu imefungwa."

"Zuio la nini? Miaka minne! Rufaa ilitupwa. Zuio la nini tena?"

Wakili hakuwa na haraka. Alionyesha ngazi kwa kalamu yake. "Mzee, mlilalamika hamna njia, na hukumu ikataka mpate njia. Njia si hii hapa? Tena nzuri kuliko ngazi za ofisini kwangu." Akafungua bahasha, akatoa picha. Kwenye moja mteja alikuwa akipitisha mlango wa kabati. Kwenye nyingine Fundi mwenyewe alikuwa na brashi na kopo la vanishi, anatabasamu. Na kwenye ile kubwa zaidi Bi Mkubwa alikuwa juu ya kibaraza, miaka mitatu iliyopita, mkono mmoja kwenye kishikio na mwingine hewani, anacheka meno yote nje. "Hakimu atakuja kujionea mwenyewe. Akiona mnateseka, mimi sina la kusema."

Fundi aliikumbuka siku ya picha ile. Mlinzi wa ghala ndiye aliyeipiga, akasema anataka kumwonyesha mkewe ngazi za ajabu. Alimtafuta kwa macho. Mlinzi alikuwa amesimama kando ya geti la ghala, anatazama viatu vyake.

"Na posho?" Fundi akamuuliza dalali.

"Posho ya askari hairudi. Askari si amekuja?"

Askari akakung'uta maganda ya karanga, akapanda gari. Bi Mkubwa alikaa dirishani mpaka saa sita, bado amevaa nguo yake ya kutokea, na hakuna aliyethubutu kumwambia aivue. Kesho yake ilikuwa Jumanne. Fundi alimbeba kama kawaida, na kwenye ngazi ya saba goti likamkatika, ikabidi asimame akumbatie kishikio mpaka maumivu yapoe.

*

Hakimu alikuja baada ya wiki tatu. Alikuwa mama wa makamo, mpole, mgeni katika mahakama ile, na jambo hilo liliwapa matumaini. Usiku uliotangulia mke wa Fundi alikuwa amekaa miguuni pa mkwewe akimpaka mafuta.

"Mama, kesho akikuuliza, mwambie ukweli. Mwambie huwezi kupanda."

"Mimi tangu lini nasema uongo?" Bi Mkubwa alisema.

Hakimu alivua viatu vyake vya visigino, akampa karani wake, akapanda ngazi kutoka barabarani kwa miguu mitupu. Alipofika kibarazani alisimama. Alipitisha kidole pale ambapo ubao wa kibaraza ulikutana na nguzo, akainama akatazama chini yake.

"Nani ametengeneza hizi?"

"Mimi, Mheshimiwa."

"Mbona sioni msumari?"

Hapo ndipo Fundi alipopotea. Kwa miaka minne hakuna mtu wa mahakama aliyewahi kumuuliza jambo analolijua. Walimuuliza namba ya kesi, tarehe ya rufaa, risiti ya hati, na kila mara alibabaika kama mtoto. Sasa aliulizwa kuhusu mbao. Alimweleza hakimu habari za ulimi na tundu. Alimweleza jinsi kigingi kinavyokaushwa kabla ya kupigwa ili kikivuta unyevu kijibane chenyewe. Alimwonyesha namba. Hakimu alisikiliza kwa furaha ya kweli, na wakili wa Mwenye Ghala akasikiliza kwa furaha zaidi.

"Na hazilegei? Watu wote hawa wanaopita?"

"Hizi?" Fundi alisema. Akaruka. Aliruka mara tatu juu ya kibaraza, mwanamume mzima na goti lake bovu, ili hakimu aone kwamba hazitikisiki.

Mkewe, aliyekuwa amesimama mlangoni, alifumba macho. Mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Huyu wake alisifiwa akalimwaga lote.

Wakaingia ndani. Hakimu alimwamkia Bi Mkubwa kwa heshima, akaketi karibu naye kwenye kigoda. Karani alifungua daftari.

"Mama, nimekuja kwa ajili ya shauri la njia. Hizi ngazi zinakusumbua?"

Bi Mkubwa aliwatazama wote kwa zamu: hakimu, karani mwenye kalamu, wakili nadhifu, na mkwewe aliyekuwa akimwomba kwa macho. Mwisho alimtazama mwanawe. Fundi alikuwa amesimama mlangoni akihema, unga wa mbao kwenye nyusi, na uso wake ulikuwa na nuru ambayo mama yake hakuwa ameiona siku nyingi.

"Ngazi za mwanangu?" alisema. "Hata kidogo. Ngazi za mwanangu hazijawahi kumsumbua mtu."

Karani akaandika.

Jioni zuio likaongezwa hadi maombi yasikilizwe, miezi saba mbele. Habari hiyo ililetwa na mlinzi wa ghala, aliyesimama upande wa barabara akaisema juu ya ukuta, kisha akaomba radhi na kuondoka.

"Mama, tulikubaliana nini?" mke wa Fundi aliuliza. Sauti yake ilikuwa imechoka kuliko kukasirika.

"Aliuliza habari za ngazi. Hakuuliza habari za mguu."

"Si ndio mguu huohuo unaopanda ngazi?"

"Mwanangu, yule ni mgeni. Ulitaka nimwambie mgeni kwamba kazi ya mtoto wangu haifai? Mbele yake, na mwenyewe ametoka kurukaruka namna ile?" Bi Mkubwa alivuta shuka miguuni. "Sikuweza. Nisameheni. Ulimi ulikataa."

Fundi alitoka nje akakaa kwenye ngazi ya kwanza. Aliona aibu iliyomfika mpaka kwenye mifupa. Hakuwahi kumpenda mama yake kama alivyompenda saa ile, na papo hapo alitamani angekuwa amezaliwa na mwanamke mkorofi.

*

Ni karani wa masijala, yule yule wa picha ya harusi, aliyemvuta Fundi kando ya korido.

"Mimi sijakwambia kitu. Lakini, mzee, wewe una njia. Mtu mwenye njia hana dharura. Asiye na njia kabisa anaandika kiapo, anaambatanisha cheti cha mgonjwa, na naweza kumpangia tarehe ya karibu. Wiki mbili."

"Kwa hiyo nibomoe ngazi."

"Sijasema hivyo. Wewe ni fundi, utajua."

Nyumbani mkewe alisikiliza hadi mwisho, akasema lililokuwa lazima lisemwe. "Basi Mama aende kwa dada yako kwa hizo wiki mbili. Atapelekwa hospitali kutoka kule."

"Siendi," Bi Mkubwa alisema kutoka kitini.

"Mama—"

"Nikitoka, yule kijana wa bahasha atauliza: mgonjwa yuko wapi? Mtasema yuko kwa binti yake. Atasema basi njia ya nini?" Alikuwa amefikiri, na alifikiri sawasawa, na wote wawili walijua. "Niliharibu kwa mdomo. Nitatengeneza kwa kukaa. Jumanne mbili tu, mguu huu umevumilia zaidi ya hapo. Wewe, mke wa mwanangu, utanifunga bandeji."

"Siyo kazi yangu, Mama. Mimi najua kufunga vitumbua tu kwenye gazeti."

"Basi utanifunga kama kitumbua."

Wakacheka wote watatu. Fundi akacheka hata akajifuta machozi, na hakuyazuia yalipoendelea baada ya kicheko.

Alizifungua ngazi siku iliyofuata kwa dakika arobaini. Kila kigingi alikigonga kutoka nyuma, kila ulimi ukatoka kwenye tundu lake bila kupasuka, na vipande vyote alivipanga karakana kwa namba akavifunika kwa turubai. Mkewe alibakiwa na miti miwili ya kuegemeza na vijiti vilivyofungwa kwa kamba, ambayo aliivuta ndani kila aliporudi kutoka kazini. Kisha Fundi akaenda kuapa. Karatasi ilisema: *Kwamba hakuna njia yoyote ya kuingia wala kutoka.* Aliisoma mara mbili kabla ya kutia sahihi. Ilikuwa kweli kabisa, na yeye ndiye aliyeifanya iwe kweli.

*

Tarehe ya kwanza hakimu alikuwa kwenye mafunzo. Tarehe ya pili wakili wa Mwenye Ghala aliumwa jino, akaleta cheti. Tarehe ya tatu jalada halikuonekana, na safari hii halikuwa chini ya birika. Wakapewa Jumatano ya wiki iliyofuata, na karani akamwapia Fundi kwa jina la mama yake mzazi kwamba Jumatano hiyo haina shaka: hakimu yupo, jalada lipo, na hakimu amekisoma kiapo na amesikitika.

Kufikia hapo Jumanne tano zilikuwa zimepita. Mke wa Fundi alifungua bandeji na kuifunga, akafungua madirisha. Siku moja, akiwa jikoni, alisema, "Harufu imebadilika." Fundi alijifanya anatafuta chumvi.

Jumapili, saa sita mchana, Bi Mkubwa alianza kutetemeka. Mwili wake ulikuwa wa moto, na alikuwa akizungumza na marehemu mumewe habari za mahindi. Weusi wa mguu ulikuwa umevuka kifundo. Mke wa Fundi alimpigia simu muuguzi wa pale hospitali wanapoenda, akamweleza, akasikiliza, akakata.

"Anasema tusingoje hata kesho."

"Jumatano ni keshokutwa ya kesho," Fundi alisema.

"Nimemwambia. Amesema anayengoja Jumatano angoje na sanda."

Fundi alimweka mama yake mgongoni, akajaribu miti ya kuegemeza. Kijiti cha kwanza kilikubali. Cha pili kikapinda. Cha tatu kikavunjika, wakateleza wote hadi chini, na Bi Mkubwa akalia kwa sauti nyembamba ambayo mwanawe hakuwahi kuisikia. Walimlaza kwenye mkeka kivulini mwa ukuta. Fundi alikaa mchangani, anautazama ule ufa wa tofali moja, kazi yote ambayo hukumu yake ilikuwa imefanya katika miaka minne.

Kisha akainuka akaenda karakana, akavuta turubai.

"Namba moja," alisema.

"Namba moja," mkewe akajibu, akaileta.

Mke alisoma namba, mume akapiga vigingi. Nguzo, ngazi, nguzo, kishikio. Kila ulimi uliingia kwenye tundu lake kwa wepesi, kama vitu vilivyokuwa vikingoja kuitwa, na Fundi alijua kwamba kila kigingi alichokipiga kilikuwa kinafuta mstari mmoja wa kiapo chake. Alipiga hivyohivyo. Mwishoni kigingi kimoja kilipungua, na mkewe akaingiza mkono mfukoni mwa aproni, akatoa kile cha kitanda. Fundi alikichonga kidogo kwa patasi, kikaingia. Kazi nzima ilichukua muda mfupi kuliko kuzifungua.

Walipomaliza, Bi Mkubwa alikuwa amefumbua macho na homa imempa nafasi kidogo. Alizitazama ngazi.

"Umezirudisha."

"Nimezirudisha, Mama."

"Na Jumatano?"

"Panda mgongoni, Mama."

Fundi alipanda polepole, mkewe nyuma akishika mguu mbovu usigonge kitu. Kwenye ngazi ya saba goti lililia, likavumilia. Alipofika kibarazani aliiona barabara nzima ikiwa kwenye jua: teksi aliyoita mkewe, mlango wazi, dereva ameegemea, kiti cha magurudumu cha jirani, na mlinzi wa ghala, amesimama hatua tano kutoka ukutani, simu mkononi.

"Shikamoo, Mama," mlinzi alisema.

"Marahaba, baba," Bi Mkubwa akajibu kutoka mgongoni.

Mlinzi aliinua simu. "Fundi, nisamehe. Nimeagizwa. Wakili anataka mpya, za leo, tarehe ionekane. Nisipopiga, kesho sina kazi, na wewe unanijua, nina watoto."

Fundi hakuweza kwenda mbele wala kurudi. Nyuma yake ilikuwa nyumba isiyo na mlango, mbele yake picha ambayo Jumatano ingewekwa mezani kwa hakimu mpole, pamoja na karatasi aliyoapa kwamba hakuna njia. Alisikia pumzi ya moto ya mama yake shingoni.

"Kwani anataka nini?" Bi Mkubwa aliuliza.

"Anataka kupiga picha, Mama."

"Za ngazi?"

"Za ngazi."

Mkono wa Bi Mkubwa uliinuka kutoka begani kwa mwanawe, ukaweka kitambaa chake cha kichwa sawa.

"Basi nyoosha mgongo, mwanangu," alisema. "Usijikunje namna hiyo. Watadhani zinayumba."

Fundi akanyoosha mgongo. Mlinzi akapiga, akatazama, akapiga tena, kisha akatia simu mfukoni na kupanda ngazi tatu ili ampokee mgonjwa. Sasa watu wanne walikuwa juu ya zile mbao kwa wakati mmoja, na hazikuyumba hata kidogo.